Mama yake Sarafina

Mwezi uliopita niliahidi kuandika juu ya kukausha mboga za majani kwa ajili ya kiangazi. Naomba mnisamehe, mboga zitangoja. Kuna jambo limetokea sebuleni kwangu ambalo limeninyima usingizi siku mbili mfululizo, na nimeona niwashirikishe, maana najua wengi wenu mna mabinti wa umri huo huo, na baadhi yenu mna bahati kwamba mama zenu wangali hai.

Kitinda mimba wangu yuko darasa la saba. Wiki iliyopita alirudi kutoka shule na kikaratasi kilichosema kuwa tarehe 16 Juni ni Siku ya Mtoto wa Afrika, hivyo kila mtoto aje na fulana nyeupe na pesa ya soda. Nikamwuliza, "Mwanangu, siku hii ni ya nini hasa?" Akanijibu bila kusita, "Ni siku ya kuandamana mpaka uwanjani, mama, halafu mgeni rasmi anachelewa, tunaungua jua."

Nilicheka, lakini kicheko hakikufika mbali. Mtoto ameandamana tangu darasa la kwanza na hajui anaandamana kwa ajili ya nani. Na kosa si la walimu peke yao. Mimi mwenyewe nimemnunulia fulana hiyo miaka saba na sijawahi kukaa naye chini kumweleza. Baba yao, aliyekuwa anasoma gazeti, akasema, "Mwonyeshe Sarafina." Kaka yake mkubwa akaitafuta kwenye kompyuta yake, na Jumapili baada ya chakula cha mchana tukakaa wote kuitazama.

Kabla hatujaanza nilimweleza machache, nami nawaeleza hapa kwa wale ambao huenda wataulizwa na watoto wao. Soweto ni mji wa watu weusi uliojengwa kando ya Johannesburg, ili wafanyakazi wawe karibu na viwanda na majumba ya wazungu lakini wasilale humo. Katika miaka ya sabini serikali ya makaburu ilikuwa inatumia randi 644 kwa mwaka kumsomesha mtoto mmoja mzungu, na randi 42 kumsomesha mtoto mweusi. Mwaka 1974 ikatolewa amri kwamba katika shule za weusi masomo ya hesabu na maarifa ya jamii yafundishwe kwa Kiafrikana, yaani lugha ya makaburu wenyewe. Hebu fikiri, mama mwenzangu. Mtoto wako tayari anahangaika na hesabu kwa Kiingereza, ambacho si lugha ya nyumbani kwake, na sasa anaambiwa aanze upya kwa lugha nyingine ambayo hata mwalimu wake anaibabaisha. Mtihani ukija, atafeli, na mtawala atasema, mnaona, hawa akili hawana.

Mwezi Mei 1976 wanafunzi wa shule moja huko Orlando West wakagoma. Tarehe 16 Juni asubuhi wenzao wa shule nyingine, zikiwemo Morris Isaacson na Naledi, wakatoka kwa maandamano wakiwa na sare zao za shule. Polisi wakafyatua risasi. Picha iliyokwenda dunia nzima ilipigwa siku hiyo na Sam Nzima: kijana amembeba mikononi mtoto Hector Pieterson wa miaka 12, na kando yao dada yake Hector, Antoinette, anakimbia huku ameinua kiganja kama anayeizuia habari isimfikie. Ghasia zilienea nchini kwa miezi mingi. Tume iliyoundwa na serikali yenyewe ilihesabu watu 575 waliokufa mpaka Februari 1977. Mwaka 1991 Umoja wa Nchi Huru za Afrika ukaifanya tarehe hiyo kuwa Siku ya Mtoto wa Afrika. Ndiyo hiyo ya fulana nyeupe.

Binti yangu aliuliza swali moja tu: "Walikuwa darasa la ngapi?" Nilipomwambia kuwa Hector alikuwa na umri kama wake, akanyamaza, akavuta mto akaukumbatia.

Sasa nije kwenye filamu. Ilitoka mwaka 1992, lakini kabla ya kuwa filamu ilikuwa mchezo wa kuigiza wenye nyimbo, uliotungwa na Mbongeni Ngema na kuonyeshwa mara ya kwanza mwaka 1987 katika ukumbi wa Market Theatre mjini Johannesburg, wakati nchi ikiwa chini ya hali ya hatari na Mandela angali gerezani. Ngema aliwatafuta vijana kutoka mitaa ya weusi, wengi wao hawajawahi kupanda jukwaani, akawafundisha kuimba na kucheza. Mmoja wao alikuwa binti wa KwaMashu, karibu na Durban, Leleti Khumalo. Mwaka uliofuata vijana hao walikuwa wanaonyesha mchezo wao Broadway, New York, na Leleti, ambaye alikuwa hajafikisha hata miaka ishirini, aliteuliwa kuwania tuzo kubwa ya michezo ya jukwaani ya Marekani. Ni yeye aliyeigiza Sarafina katika filamu pia.

Wengi wa rika langu tuliiona kwa kaseti. Enzi hizo Tanzania Bara ilikuwa haijapata kituo chake cha televisheni, kilikuja mwaka 1994, kwa hiyo mwenye video mtaani alikuwa mtu mkubwa kweli kweli. Tulijazana kwa jirani, watoto mbele mkekani, wakubwa nyuma, na wengine dirishani. Nakumbuka kwa miaka kadhaa baadaye hakuna sherehe ya shule iliyopita bila wanafunzi kuimba nyimbo za Sarafina na kupiga miguu chini kama wale vijana wa Soweto, hata wale ambao Kiingereza chake kiliwapita pembeni.

Na nyimbo zenyewe zinastahili. Kuna ile ya asubuhi mstarini, wanafunzi wanapoimba Sala ya Bwana. Inaanza kwa utulivu kama kwaya yoyote ya shule, mikono imekunjwa, halafu inapanda na kupanda mpaka unaona kabisa kwamba hawa watoto wanamaanisha kila neno wanaloomba, pamoja na mkate na pamoja na kuokolewa na yule mwovu. Wapo waliolalamika kwamba si vizuri kuchanganya damu na ngoma, risasi inalia halafu watu wanacheza. Mimi siungani nao. Sisi wenyewe msibani hatuimbi? Maiti iko ndani na wanakwaya wako nje wanaimba mpaka alfajiri, tena wanaimba kwa nguvu zaidi pale uchungu unapozidi. Aliyetunga mchezo huu alijua watu wake.

Kasoro zipo, sikatai. Filamu inachanganya miaka. Mambo ya 1976 na yale ya miaka ya themanini yamefungwa katika furushi moja, na mtoto anayeitazama hawezi kujua lipi lilitangulia. Na Mwalimu Mary ameigizwa na Whoopi Goldberg, Mmarekani, ambaye kwa sikio langu hata akijitahidi vipi hatoki Soweto. Lakini uigizaji wake ni wa moyo, na pale anapowafundisha watoto historia ambayo haimo katika vitabu walivyopewa, binti yangu alisogea mbele kabisa.

Hadithi yenyewe, kwa ufupi, ni hii. Sarafina ni mwanafunzi mchangamfu wa Soweto anayeota kuwa nyota. Ana picha ya Mandela nyumbani na anazungumza nayo kama mtu anavyozungumza na baba aliye safarini. Mwalimu wake anakamatwa na polisi na kufia mikononi mwao. Wanajeshi wanaingia shuleni. Wenzake wanapigwa risasi. Sarafina anakamatwa, anateswa, na anapotoka si yule msichana tena.

Lakini mimi leo nataka kumzungumzia mama yake.

Mama yake Sarafina haonekani sana. Ni mtumishi wa ndani katika nyumba ya wazungu, mbali na Soweto. Anavaa sare na aproni, anapika wasichokila wanawe, analea wasio wake. Sarafina anamwonea haya. Hapendi kumwona mama yake mnyenyekevu mbele ya wale watu. Anapokwenda kumtembelea anataka ampate mama mwenye hasira, mama mpiganaji, na anamkuta mwanamke aliyechoka anayeuliza habari za wadogo zake. Kwa Sarafina, shujaa ni yule anayesimama mbele ya bunduki. Huyu wa jikoni anaona ameshindwa.

Nilipoiona sehemu hiyo mara ya kwanza, katika ile sebule ya jirani iliyojaa watu, niliinuka nikatoka nje. Nilisema nimepatwa na joto. Leo, baada ya miaka yote hii, nitawaambia sababu.

Mama yangu alikuwa mfuaji. Baba alifariki nikiwa na miaka tisa, tukabaki watoto wanne hapo Morogoro mjini, na mama akawa anakwenda nyumba hadi nyumba kufua na kupiga pasi nguo za watu. Jumapili alikaanga maandazi akauza. Mikono yake ilikuwa imebabuka kwa sabuni na magadi, kucha zimelika, na kila jioni alipaka mafuta ya nazi akakaa nayo hivi, viganja juu, kama mtu anayeomba. Kwa mikono hiyo nilifika sekondari.

Nikiwa kidato cha pili, siku moja mama alikuja shuleni kuniletea ada iliyokuwa imechelewa. Alikuja moja kwa moja kutoka kufua, kanga imelowa, miguu ina vumbi. Nilikuwa nimesimama karibu na lango na rafiki zangu, mabinti wa watu wenye kazi za ofisini. Mmoja akauliza, "Nani yule anayekuita?" Nikajibu, "Ni mama anayetufulia nyumbani."

Nilisema taratibu, lakini si taratibu vya kutosha. Mama alikuwa ameshafika karibu. Alinipa ile bahasha mkononi, akasema, "Mama yako amekupa hii," akageuka akaenda zake. Jioni niliporudi alinipakulia ugali kama kawaida. Hakusema lolote, si siku hiyo wala baadaye. Angenichapa ningeshukuru.

Basi mjue nilichokiona katika kaseti ile. Nilijiona mimi.

Na aliyeigiza mama huyo, wapendwa, ni Miriam Makeba. Wengi tunamjua kwa sauti yake, aliyeuimbia ulimwengu wote "Malaika" mpaka watu wa mbali wakadhani ni wimbo wa kwao. Lakini katika filamu hii hakuwekwa kwa ajili ya sauti peke yake. Mama yake mzazi alikuwa mtumishi wa ndani kweli. Miriam alikuwa na umri wa siku 18 tu mama huyo alipofungwa miezi sita kwa kosa la kupika pombe ya kienyeji, na kichanga kikaingia gerezani pamoja na mama yake. Mwaka 1959 Miriam akaondoka nchini kwenda kuimba. Mwaka 1960 mama yake akafariki, na alipotaka kurudi kumzika akakuta hati yake ya kusafiria imefutwa. Mwaka 1963 alisimama mbele ya Umoja wa Mataifa akaueleza ubaguzi wa kwao. Hakukanyaga nyumbani mpaka mwaka 1990, baada ya Mandela kutoka gerezani, na wakati huo alikuwa ameshamzika ugenini mtoto wake wa pekee, Bongi, aliyefariki mwaka 1985. Yeye mwenyewe alifariki mwaka 2008 huko Italia, alipougua mara tu baada ya kumaliza kuimba jukwaani.

Kwa hiyo alipofunga ile aproni mbele ya kamera, muda mfupi tu tangu arudi, sidhani kama alihitaji mtu wa kumfundisha namna ya kusimama. Alikuwa anamvaa mama yake. Mimi hupenda kufikiri kwamba hayo ndiyo maziko aliyonyimwa, ingawa hayo ni mawazo yangu tu, yeye sikumsikia akiyasema.

Kuelekea mwisho, Sarafina anatoka kizuizini na anakwenda kwa mama yake. Si kwa wenzake, si kwenye mkutano. Anakwenda kule kule kwenye nyumba ya wazungu, na anamtazama mama yake kwa macho mengine. Ameonja mwenyewe hofu ilivyo, ameonja kuwa mikononi mwa watu wanaoweza kukufanya lolote, na ndipo anapoelewa kwamba mama yake ameishi katika hofu hiyo kila siku ya maisha yake na bado kila asubuhi aliamka akawasha jiko la watu, ili wanawe wale. Anamwambia anampenda. Mama anamkumbatia. Ni tukio fupi, wala halina ngoma.

Nilimtazama binti yangu kwa pembeni. Alikuwa analia. Nami nikawa najifuta na upande wa kanga.

Lakini kabla ya hapo kuna sehemu ambayo lazima niwatahadharishe, kwa sababu hata mimi nilitaka kuiruka na kaka mtu akanizuia. Yuko askari mweusi anaitwa Sabela, mwenzao kwa rangi, anayewatumikia makaburu kwa bidii na kuwatesa wanafunzi. Wanafunzi wanamvamia na kumchoma moto akiwa hai. Sarafina yumo katika kundi hilo. Mambo kama haya yalitokea kweli katika mitaa ya weusi miaka ya themanini, na filamu haiyafichi wala haiyashangilii. Baadaye Sarafina anabeba jambo hilo moyoni, halimtoki. Mwalimu Mary alikuwa na bunduki imefichwa nyumbani kwake, na suala la bunduki hiyo, nani aishike na aifanyie nini, linamfuata Sarafina mpaka mwisho, anapoamua kuachana nayo.

Binti yangu akauliza, "Mama, sasa Sarafina ni mzuri au ni mbaya?"

Baba yao akakohoa, ile kohoa ya wanaume ya kumwachia mama jibu. Kaka yake akasema, "Yule askari alistahili." Nikamwambia, "Hapana, usiseme hivyo humu ndani. Yule askari naye alikuwa na mama." Akanijibu, "Na Hector je?" Nami sikuwa na jibu la haraka. Tulizungumza karibu saa nzima, chai ikapoa. Nilichowaambia ni kwamba serikali ile iliwafanyia watoto hawa dhuluma mbili. Kwanza iliwaua. Kisha wale iliowabakiza ikawafikisha mahali ambapo mtoto wa shule anaweza kushika kiberiti namna ile. Sijui kama nilisema vizuri. Mama mwenye maneno bora zaidi aniandikie.

Kama watoto wako hawajafika miaka 12, usiwaonyeshe peke yao. Kuna mateso ya gerezani pia ambayo si ya mtoto mdogo. Kaa nao, kidole kiwe karibu na kitufe.

Filamu ilipokwisha, kaka mtu aliuliza ni wapi walikwenda wale wanafunzi waliokimbia. Hapo nikafurahi, maana jibu liko kilomita chache kutoka nilikozaliwa. Baada ya 1976 maelfu ya vijana walivuka mipaka usiku. Serikali ya Tanzania ikawapa wapigania uhuru wa ANC shamba la zamani la mkonge huko Mazimbu, Morogoro, mwaka 1977, na mwaka uliofuata shule ikaanza. Iliitwa kwa jina la Solomon Mahlangu, kijana aliyenyongwa na makaburu tarehe 6 Aprili 1979 akiwa na miaka 22. Walijenga madarasa, mabweni, zahanati, hata kituo cha kulelea watoto wadogo, kwa sababu vijana wakikaa miaka mingi ugenini watoto huzaliwa. Shule ilifungwa mwaka 1992, mwaka ule ule wa filamu, wenyewe wakarudi kwao. Majengo leo ni ya Chuo Kikuu cha Sokoine. Makaburi ya wale wasiorudi yapo pale pale.

Siku za Jumapili baadhi yao walikuja mjini, na mama aliwauzia maandazi. Hakujua Kiingereza na Kiswahili chao kilikuwa cha kuokoteza, lakini kila mmoja alimwuliza swali lile lile: "Mama yako yuko wapi?" Wakijibu "nyumbani" au "Soweto," mama alitikisa kichwa akaongeza andazi moja la bure. Niliona anapoteza faida. Tulikuwa na njaa sisi wenyewe.

Nimelifikiria swali lake baadaye nilipopata kujua habari za yule kijana wa kwenye picha, aliyembeba Hector. Anaitwa Mbuyisa Makhubo, alikuwa na miaka 18. Picha ilipotoka polisi wakawa wanamtafuta, akakimbilia nje ya nchi. Mama yake, Nombulelo, alipata barua yake moja kutoka Nigeria mwaka 1978. Baada ya hapo, kimya. Alisimama mbele ya Tume ya Ukweli na Maridhiano akaeleza habari za mwanawe, na alifariki mwaka 2004 bila kujua yuko wapi. Watu walipomwita mwanawe shujaa alikataa. Alisema kwa mila zao kumwokota mtoto aliyeanguka si ushujaa, ni kazi ya ndugu.

Nilipowasimulia hayo, binti yangu akawa kimya, kisha akauliza, "Bibi ndiye aliyekuwa anawapa maandazi?"

"Ndiye."

"Kumbe bibi aliuza maandazi?"

"Maandazi Jumapili. Siku nyingine alifua nguo za watu."

Wapendwa, huyu mtoto ana miaka 13, amekwenda Kilosa kwa bibi yake kila likizo, amepakwa mafuta na ile mikono, na hakujua. Sikuwahi kumwambia. Nimewaambia wanangu habari za baba yangu aliyekuwa karani wa reli, ambaye hawakumwona. Habari za mama niliziacha. Nilijiambia ni kwa sababu hazina maana, lakini Jumapili ile nilijua kwamba bado nilikuwa nimesimama pale langoni kwa shule nikisema ni mama anayetufulia.

Nikawasimulia yote. Hata bahasha. Hata maneno aliyonijibu. Kaka mtu akainamisha kichwa. Baba yao, ambaye tumeishi naye miaka ishirini na sita bila kusikia habari hiyo, akaweka gazeti chini. Na yule mdogo akaniuliza, bila ubaya wowote, kama anavyouliza nauli:

"Ulimwomba msamaha?"

Sikumwomba. Mwaka ule nilipoiona kaseti, Jumamosi iliyofuata nilipanda basi nikaenda nyumbani nikiwa nimeyapanga maneno yote kichwani. Nilimkuta uani, beseni mbele yake. Akanitazama akasema, "Umekula?" Nikasema bado. Akaniambia kuna viazi jikoni. Nikala, nikarudi, nikakunja gauni nikakaa upande wa pili wa beseni tukafua mpaka jua likazama. Mashuka ya watu. Maneno hayakutoka. Nilidhani ameelewa, na labda alielewa, lakini binti yangu hakuniuliza kama alielewa.

Mama sasa ana miaka themanini na mmoja. Anaishi kwa kaka yangu, macho yamepungua, masikio mazima. Nimempigia simu kaka kumwambia nakuja Jumamosi. Mdogo anataka twende wote, amesema anataka kumwuliza bibi yeye mwenyewe habari za vijana wa Mazimbu, ili Jumanne awaeleze wenzake shuleni kabla hawajaandamana. Nimemkubalia, ila nimemwambia tukifika atangulie jikoni kwa shangazi yake kidogo, aniache uani na bibi. Nimenunua sukari kilo mbili, na mafuta ya nazi.